Kazi ilikuwapo kabla ya dhambi
Mwandishi wa makala ninayoijibu hapa anadai kuwa Kanisa Katoliki hufundisha kwamba kazi ni adhabu ya dhambi ya Adamu. Sivyo: Mwanzo 2:15 inamweka Adamu bustanini ailime na kuitunza kabla hajaanguka, kilichoongezwa baadaye ni jasho na miiba. Papa Yohane Paulo II, katika waraka wake Laborem Exercens wa mwaka 1981, alieleza kuwa thamani ya kazi hupimwa kwanza kwa mtu anayeifanya, wala si kwa aina ya kazi hiyo. Na mapema zaidi, mwaka 1891, Papa Leo XIII alikwisha kufundisha (makala imeliruka hili, ingawa ndilo linalogusa mifuko) kuwa ujira usiomtosha mfanyakazi mwenye kiasi kujikimu ni dhuluma, hata kama aliukubali kwa kubanwa na shida. Je, ni parokia zetu ngapi zinazomlipa mpishi na mlinzi kwa kipimo hicho?