Diski ipi ndiyo "cible"?

Wiki iliyopita, pale Kadutu, hapa Bukavu, picha za harusi ya dada yangu zilifutika mbele ya macho yangu kwa sababu ya neno moja. Kompyuta ilikuwa imechoka, nikanunua diski mpya, nikampelekea kijana anayetengeneza mashini ahamishe kila kitu. Programu ikauliza kwa Kifaransa: source (chanzo)? cible (lengwa)? Akachagua diski yangu ya zamani kuwa cible. Ile tupu ikamwagwa juu ya miaka 9 ya maisha yangu.

Sikumgombeza. Mikono ilikuwa inamtetemeka. "Mama, cible si ile tunayotengeneza?"

Na ana sababu. Kutwa nzima anarudishia simu programu zake. Samsung ikiwa katika hali ya kupakua, kioo chake kinaonya usizime "target", ndiyo cible kwa Kiingereza, yaani simu yenyewe, mgonjwa aliye mezani. Huko ndiko alikojifunzia neno.

Ila ukinakili diski, lengwa ni ile inayoandikiwa, na kilichokuwemo kinapotea. Nenda kwenye kompyuta za Mac zenye chipu ya Intel: ile inayowekwa katika hali ya "target disk" inageuka diski ya nje ya mwenzake, na mara nyingi ndiyo inayochotwa mafaili! Kwenye SCSI, utaratibu wa kuunganisha kompyuta na diski, lengwa ni kifaa kinachopokea amri, hata kama amri ni ya kusoma tu, na data inatoka kwake. Kwa watu wa usalama wa mitandao, lengwa ni anayeshambuliwa.

Haya, kila fani ina msamiati wake, siwezi kuwanyang'anya. Kinachoniuma ni kwamba tunawapa vijana wetu neno bila kuwapa swali lake: nani anaandika, nani anaandikiwa? Kiswahili kinalimaliza hilo ndani ya kitenzi kimoja. Inayosomwa. Inayoandikiwa. Inayoamriwa. Mtoto wa miaka 10 hapa Bukavu hawezi kuchanganya aliyeandika barua na aliyeandikiwa. Kwa hiyo ninyi mnaotafsiri programu, nawaomba kwa moyo wote, msituletee "kifaa lengwa" mkadhani kazi imekwisha. Andikeni "diski itakayofutwa". Mtu akisoma hivyo, kidole chake kitasita kabla ya kubonyeza.

Jana nilipita tena pale. Juu ya meza yake kuna waya mbili, kila moja imebandikwa plasta nyeupe na kuandikwa kwa bik: INASOMWA, INAFUTWA.