Neno ambalo halikuwa kwenye orodha ya MacNolia Cox

Zaila Avant-garde aliposhinda mashindano ya kitaifa ya tahajia ya Marekani Julai 2021, video yake ilizunguka dunia nzima: binti wa miaka 14 kutoka Louisiana anarukaruka na kujizungusha jukwaani, karatasi za rangi zikimmwagikia. Vichwa vya habari vilikuwa vya namna moja, kwamba amepatikana Mmarekani Mweusi wa kwanza kutwaa taji hilo. Nilifurahi, na bado nikiitazama nafurahi. Lakini lile neno “wa kwanza” limenikaa vibaya tangu siku ile, kwa sababu mashindano hayo yalianza mwaka 1925. Hesabu mwenyewe. Ni miaka 96, na katika miaka yote hiyo hakuna mtu anayeweza kunishawishi kwamba watoto Weusi wa Marekani walikuwa hawajui kutaja herufi.

Msomaji wa Kiswahili anaweza kuuona mchezo huu kuwa mdogo, maana lugha yetu huandikwa inavyotamkwa. Kiingereza sivyo. Kimeokota maneno Ugiriki, Roma, Ufaransa na kwingineko, na kila neno limekuja na herufi zake, nyingine hazisikiki hata kidogo. Aliyewahi kukalishwa imla ya Kiingereza darasani anaelewa. Kwa Wamarekani wa enzi zile, mtoto aliyeweza kusimama mbele ya umati na kuyataja maneno hayo herufi kwa herufi bila kukosea alihesabiwa kuwa ana akili. Sasa liweke hilo kwenye jamii ambayo miaka 70 na ushee tu nyuma ilikuwa utumwani, na katika majimbo kadhaa ya Kusini kumfundisha mtumwa kusoma kulikuwa kosa la jinai. Herufi hazikuwa mchezo kwao.

Binti ninayetaka tumzungumzie ni MacNolia Cox, wa mji wa Akron, jimbo la Ohio. Mwaka 1936 alikuwa na miaka 13. Aliwashinda wenzake wa mji mzima, Weusi kwa Weupe, na tiketi ya kwenda Washington, kwenye fainali ya kitaifa, ikawa yake. Mji ulimshangilia kwelikweli. Bill Robinson, yule mcheza dansi aliyejulikana Marekani nzima, na mpiga piano Fats Waller walimpandisha jukwaani, na siku ya safari watu walifurika stesheni kumsindikiza.

Treni ilipofika mpaka wa Maryland, sherehe ikaishia hapo. MacNolia na mama yake walitakiwa kuhama na kwenda kukaa behewa la Weusi. Washington washiriki wengine walilala katika hoteli ya Willard, naye akapokewa nyumbani kwa daktari mmoja Mweusi, kwa kuwa hoteli ile haikuwa ya watu wa rangi yake. Kwenye karamu ya washiriki alipitishwa ngazi za nyuma, akakalishwa meza ya pembeni. Hakuwa peke yake. Alikuwepo pia Elizabeth Kenney kutoka New Jersey, binti mwingine Mweusi aliyefika fainali mwaka uleule. Hao wawili ndio waliovunja ukimya wa mashindano hayo.

Simulizi nyingi za MacNolia hukaa sana kwenye behewa na ngazi za nyuma. Ni sawa, mambo hayo yalitokea na yanauma. Ila mimi naona kiini cha kisa chake kiko kwingine. Fedheha zote zile hazikumwangusha. Alipanda jukwaani, akataja neno baada ya neno, wenzake wakatoka mmoja mmoja, mpaka wakabaki watano tu, naye akiwa bado amesimama. Hapo ndipo akapewa “nemesis”.

Nemesis ni jina la mungu wa kike wa kisasi wa Wagiriki. Katika kamusi ya wakati ule liliandikwa kwa herufi kubwa, yaani ni jina la pekee, na kanuni za shindano zilikataza majina ya pekee. Tena neno lenyewe halikuwamo katika orodha ambayo watoto walipewa wajiandae nayo. MacNolia alikosea. Mwalimu wake na Mabel Norris, mwandishi wa gazeti la Akron Beacon Journal aliyesafiri nao, walipinga pale pale ukumbini. Majaji wakakataa. Akawa wa tano.

Nimewahi kusikia hoja kwamba neno ni neno, angekuwa bingwa kweli angelijua. Siikubali hata kidogo. Mtoto hajiandai na lugha nzima ya Kiingereza. Anajiandaa na kile alichoambiwa ataulizwa. Analala na orodha, anaamka na orodha, mama akiwa jikoni anamsomea maneno naye anayataja. Kanuni ndiyo ngao pekee aliyo nayo mbele ya watu wazima wenye kamusi mkononi. Mkiivunja kwa mtoto mmoja, halafu mkakataa kumsikiliza anayewaonyesha kwamba mmeivunja, hamjampima tena. Na mtoto mwenyewe akiwa ndiye mmempitisha ngazi za nyuma, msitegemee watu waamini ilikuwa bahati mbaya.

MacNolia alirudi Akron akapokewa kama shujaa. Kisha maisha yakaendelea, na hapa ndipo ninapopata hasira kuliko penginepo. Fedha za chuo hazikupatikana. Binti aliyekuwa miongoni mwa watano bora wa nchi nzima alikuja kufanya kazi za ndani nyumbani kwa daktari hapohapo Akron. Alifariki kwa saratani mwaka 1976, akiwa na miaka 53. Sidharau kazi za ndani. Mama zetu wangapi wametulea kwa kazi hizo. Ninachosema ni kwamba mji mzima ulijua anaweza nini, uliliona kwa macho yake, na haukupata namna ya kumsogeza hatua moja mbele.

Tena MacNolia hakuwa wa mwanzo kuonyesha uwezo huo. Mwaka 1908, kabla hata ya mashindano haya ya kitaifa kuanzishwa, Cleveland ilikuwa mwenyeji wa shindano la timu za shule kutoka miji kadhaa, New Orleans ikiwemo. Katika timu ya Cleveland alikuwamo Marie Bolden, binti Mweusi wa miaka 14, baba yake tarishi wa posta. Wa New Orleans walipogundua wakatishia kujitoa. Cleveland haikumwondoa. Marie hakukosa neno hata moja, la kuandika wala la kutaja kwa mdomo, na timu yake ikashinda. Sasa kama jambo hilo lilikwisha onekana hadharani mwaka 1908, kwa nini mwaka 2021 tunaandika “wa kwanza” kana kwamba uwezo ndio uliochelewa?

Jibu, kwa maoni yangu, liko kwenye utaratibu wenyewe, na ni jambo ambalo halizungumzwi vya kutosha. Mashindano haya yaliasisiwa na magazeti. Mtoto hawezi kuamka tu akaenda Washington. Anashinda darasani, kisha shuleni, kisha mji au wilaya yake, na mara nyingi mdhamini wa eneo lile, ambaye kwa miaka mingi alikuwa gazeti la mahali, ndiye anayemgharimia na kumpeleka. Kwa hiyo ufunguo ulikuwa mfukoni mwa gazeti. Gazeti la Akron liliruhusu watoto wote washindane, na MacNolia akapatikana. Katika miji ya Kusini, ambako shule zilitenganishwa kwa rangi, gazeti lingeweza kuandaa shindano la shule za Weupe peke yake na hakuna wa kuliuliza. Mwaka 1962, miaka 26 baada ya MacNolia, huko Lynchburg, Virginia, bado watoto Weusi walikuwa wakipigania ruhusa ya kushiriki tu shindano la eneo lao. Kushiriki tu! Mtoto aliyezuiliwa mlangoni haingii hata kwenye hesabu ya walioshindwa. Hakuna rekodi yake popote, na baada ya miaka watu wanaangalia orodha ya mabingwa na kusema pengine hawakupenda mchezo huu.

Ushahidi mzuri wa upande wa pili unatoka Jamaika. Gazeti la Gleaner la Kingston limeendesha mashindano ya tahajia ya kisiwa kizima kwa miongo mingi, likiwa na makocha wanaomchukua mshindi na kumnoa. Mwaka 1998 Jody-Anne Maxwell, mwenye miaka 12, alitoka katika utaratibu huo akaenda Washington na kurudi na kombe. Yeye ndiye Mweusi wa kwanza kushinda mashindano hayo, miaka 23 kabla ya Zaila, na alitoka kisiwa chenye watu wachache kuliko Wamarekani Weusi mara nyingi. Tofauti ilikuwa mdhamini asiyeona shaka kwamba mtoto aliye mbele yake anafaa kupelekwa.

Siku hizi kikwazo kimebadilika sura. Hakuna behewa la Weusi, lakini maandalizi yamekuwa ghali: makocha wa kulipwa kwa saa, programu za kompyuta zenye maneno kwa maelfu, mashindano ya mazoezi mtandaoni. Familia zenye asili ya India zimejenga mtandao wao wenyewe wa ligi na makocha, na matunda yameonekana kwa zaidi ya miaka 20. Nawaheshimu sana kwa hilo, maana hawakusubiri mtu awajengee. Zaila alikuwa akifanya mazoezi kufikia saa saba kwa siku, na zawadi ya dola 10,000 aliyoshinda katika shindano la mtandaoni ndiyo iliyosaidia kumlipa mkufunzi. Bila zawadi ile, sina hakika kama tungelijua jina lake.

Zaila alimfahamu MacNolia Cox, na alimtaja. Hilo lilinigusa kuliko ushindi wenyewe. Lakini alisema pia jambo jingine baada ya kushinda: kwamba tahajia kwake ni kitu cha pembeni, shughuli yake hasa ni mpira wa kikapu, mchezo ambao tayari alikuwa na rekodi za dunia za kudunda mipira kadhaa kwa wakati mmoja. Wapo waliosikitika kusikia anaiacha. Mimi niliona ndiyo habari kubwa ya siku ile. MacNolia alibebeshwa heshima ya watu wake wote akiwa na miaka 13, na alipopoteza neno moja hakuwa na pa kwenda. Zaila alichukua kombe lake na dola 50,000, akasema asante, akarudi uwanjani.