Tuqiri alihama raga mara mbili na hakuna mzee aliyeitisha kikao

Wacha nianze na jina la huyu mchezaji wa raga, Lote Tuqiri, manake hapo ndio mimi huwashinda Waaustralia. Watangazaji wa huku wengi watakwambia "Tukiri", wanapita kwa hiyo q kama gari kwa bampu, na miaka yote ile mimi pia nilikuwa nasema hivo hivo mpaka nikapata jamaa wa Fiji kazini akanirekebisha. Kwa Kifiji q ni ng, ile ya ngoma. G peke yake ni ng' ya ng'ombe. D ni nd, b ni mb, c ni dh. Kwa hivo Lote Tuqiri ni Tungiri, mji wa Sigatoka ni Sing'atoka, na ule mji wenye uwanja wa ndege, Nadi, unaitwa Nandi, na mimi mtu wa Eldoret nikacheka hadi chai ikanimwagikia kwa aproni. Sauti zote tunazo bana. Jamaa akanifanya nitamke majina ya nusu ya kijiji chao pale chumba cha mapumziko, kila nikipatia anapiga meza.

Sasa kwa wale hamfuati raga. Tuqiri ni winga, amezaliwa Fiji mwaka 1979, akakulia huku Queensland ninakoishi. Huku raga ni ligi, ile ya watu 13, yunioni ya watu 15 ni ya shule za ada kubwa (nasema hivo na watanikujia, lakini zunguka Logan na Ipswich Jumamosi asubuhi uniambie watoto wanacheza gani). Alianza na Brisbane Broncos mwaka 1999, mwaka uliofuata wakachukua ubingwa, na mwaka huo huo wa 2000 akaongoza Fiji kama kapteni kwa Kombe la Dunia la ligi akiwa kijana wa miaka 21. Baadaye akavaa jezi ya Australia. 2002 kwa mechi ya pili ya State of Origin, ule msururu wa ligi wa kila mwaka kati ya Queensland na New South Wales, akafunga trai 3 (trai ndio bao la raga) peke yake, na mtu akifanya hivo huku anaweza kula bure mtaani maisha yake yote.

Halafu 2003 akahama. Akaenda yunioni, tena Sydney, mji mkuu wa New South Wales, wale wale aliowafunga trai 3. Miezi michache baadaye yuko fainali ya Kombe la Dunia la yunioni na Australia.

Ile mechi niliiona nikiwa Nairobi, klabu moja ya Ngong Road, Jumamosi 22 Novemba, mpira ulianza saa sita mchana yetu na tulikuwa tumejaa kama matatu ya Rongai. Dakika ya sita hivi Stephen Larkham anapiga teke la juu kwenda pembeni kushoto, chini yake wako wawili, Tuqiri na Jason Robinson wa Uingereza. Robinson ni mfupi. Tuqiri anaruka, anauchukua hewani kama mtu anachuma embe, anaanguka nao ndani, trai. Kabla ya mapumziko Robinson naye analipa. Watu husahau hii kitu: trai zote mbili za fainali ile ya yunioni zilifungwa na mawinga waliolelewa na ligi, manake Robinson naye alitoka Wigan, klabu ya ligi ya Uingereza. Wakaenda hadi muda wa nyongeza, Jonny Wilkinson akapiga ile dropu (teke la mpira ukidunda chini) na mguu wa kulia, 20 kwa 17, Uingereza wakabeba kombe. Mzee mmoja kando yangu, mtu wa raga tangu enzi hizo, akasema kwa uchungu "huyu Mfiji amefuata pesa tu." Mimi nikatingisha kichwa kukubali. Nilikuwa na miaka 22, nilikuwa sijawahi kulipwa mshahara na mtu yeyote.

Saa hii nina miaka ishirini na kitu ya mishahara, mingi ya huku, na nataka kubishana na yule mzee.

Kwanza hiyo raga ligi yenyewe ilizaliwa kwa sababu ya pesa, na si pesa ya starehe. Kaskazini mwa Uingereza wachezaji walikuwa wachimba makaa na watu wa viwanda. Jumamosi ilikuwa siku ya kazi, ukienda kucheza unakatwa. Klabu zao zikasema tuwafidie hiyo siku waliyokatwa, wakubwa wa raga wakakataa, eti mchezo ni wa heshima hauchezwi kwa malipo, ambayo ni rahisi sana kusema kama baba yako ndiye mwenye kiwanda. 29 Agosti 1895 wakakutana hoteli moja pale Huddersfield wakajitoa. Kuanzia hapo karne nzima, ukienda ligi umefungiwa yunioni, humo hurudi. Yunioni walikubali kulipa wachezaji mwaka 1995! Kwa hivo Tuqiri angezaliwa miaka kumi na tano mapema, ile safari yake ya kwenda na kurudi haingewezekana kabisa, angechagua moja afe nayo.

Na hiyo ya kuchagua moja ufe nayo ndio nyumbani kwetu naijua vizuri. Mzee wangu alifanya kazi sehemu moja miaka 31. Siku ya kustaafu akapewa saa ya ukutani na hotuba. Mimi nilipoacha ile kazi ya kwanza ya ofisi baada ya miaka miwili, kazi ambayo nilikuwa nimetafutiwa na rafiki wa mjomba, jamani, kulikuwa na kikao. Watu walipanda matatu kutoka Kapsabet kuja kuniuliza nimeona nini. Manake kwetu kazi si yako peke yako, ni ya aliyekutafutia, ni ya mama aliyeenda kushukuru na kuku, ni ya wale wadogo wako wanaongoja uwavute. Ukihama umewaaibisha watu sita. Na mnakumbuka tulivyomfanyia Stephen Cherono 2003, mwaka ule ule wa Tuqiri. Alienda Qatar akawa Saif Saaeed Shaheen, akashinda dhahabu ya kuruka viunzi na maji mita 3000 pale Paris, mbio ambazo ndugu yake Christopher Kosgei alikuwa ameshindia Kenya mwaka 1999. Ilikuwa kama msiba. Athens 2004 Kenya ikakataa kumruhusu kukimbilia Qatar, akakaa nje, tukachukua nafasi ya kwanza mpaka ya tatu na tukashangilia. Mimi nilishangilia sana. Siku chache baadaye kule Brussels akaweka rekodi ya dunia, dakika 7 sekunde 53.63, ikasimama hadi 2023.

Huku ni kinyume. Unaandika barua, wiki mbili, wanakununulia keki ya supamaketi, mnapeana mikono, "all the best mate", na kesho yake kuna mtu mwingine kwa kabati yako. Mara ya kwanza niliona ni kama kuvua pingu. Hakuna aliyeniuliza nimeona nini! Nimehama kazi mara tano huku, kiwanda cha nyama, ghala, kuendesha foklifti, nyumba ya wazee, sasa niko ghala tena kama msimamizi, na hakuna siku nimemwaibisha mtu.

Lakini pole pole nikaelewa kwa nini haiwaumi. Haiwaumi kwa sababu hawakuwa wamekushika. Kile kiwanda cha nyama walinipunguzia zamu kwa meseji, Jumapili usiku, maneno kumi na moja, nilihesabu. Nilikuwa nimefanya pale miezi kumi na nane na msimamizi alikuwa ananiita "brother". Na hapo ndio nilianza kumwangalia Tuqiri tofauti, manake Julai 2009, baada ya mechi 67 za Wallabies (timu ya taifa ya yunioni) na trai 30, chama cha raga cha Australia kilivunja mkataba wake, sababu haikutangazwa, ikaenda kwa mawakili ikaisha kwa makubaliano. Hivo tu. Anayesema wewe umefuata pesa, ukumbuke na yeye mlango wake unafunguka pande zote.

Akafanya nini? Akaenda Leicester, klabu ya yunioni ya Uingereza, kidogo, halafu akarudi ligi, Wests Tigers, 2010, na mwaka huo huo akaitwa tena timu ya taifa ya ligi. Akaumia, akakaa nje, watu wakamzika. 2014 akiwa na miaka 35 yuko South Sydney, timu ambayo haikuwa imechukua ubingwa tangu 1971, wanawapiga Bulldogs 30 kwa 6. Ubingwa wake wa kwanza 2000, wa pili 2014. Katikati hapo amecheza mchezo mwingine kabisa miaka saba na fainali ya Kombe la Dunia juu. Kwa timu ile alikuwa na Sam Burgess, aliyecheza fainali na mfupa wa shavu umevunjika, na Burgess naye akahamia yunioni Uingereza akaingia Kombe la Dunia la 2015, Uingereza wakatolewa kwa makundi nyumbani kwao, wakamlaumu yeye kana kwamba walikuwa wanacheza mmoja. Akarudi Souths. Kuhama si uhakika wa chochote, sisemi hivo.

Ninachosema ni kwamba kuhama ni mali. Ni kama shamba, kuna walionalo na kuna wasionalo.

Huyu jamaa wangu wa Fiji aliyenifundisha kutamka, yeye hakuja kwa raga. Alikuja kwa ule mpango wa serikali ya huku wa kuleta wafanyakazi kutoka visiwa vya Pasifiki, mashambani na viwanda vya nyama. Viza yake imefungwa kwa mwajiri. Mimi waliponipunguzia zamu nilitukana kwa Kinandi nikaenda kutafuta kwingine, yeye walipompunguzia alikaa. Kodi ya chumba wanachoshiriki watu sita inakatwa kwa mshahara kabla hajaiona, kuhama mpaka akubaliwe huku na kule, na akitoroka anaitwa mtoro. Tena huyu ana mabega, ana mbio, kwao alicheza winga. Tofauti yake na Tuqiri si kipaji, ni karatasi. Halafu watu wanasema Wafiji wako na raha huku, wameona wale wawili watatu kwa TV.

Na binamu yangu alikuwa Riyadh, kazi za nyumba. Kafala, ule mfumo wa kumfunga mfanyakazi wa kigeni kwa mwajiri wake. Pasi ilikuwa kwa droo ya mama mwenye nyumba. Saudia walipofanya mageuzi 2021 ya kuruhusu watu kubadilisha waajiri, wafanyakazi wa nyumbani hawakuwa ndani. Alikuwa ananipigia akiwa bafuni, maji yamefunguliwa ili asisikike, na ananiuliza "nyinyi huko mnahamaje?" Nilikuwa naona haya kumjibu. Wiki mbili na keki.

Kwa hivo ukiniuliza nyumbani na huku kuzuri ni wapi, mimi sina jibu la mstari mmoja. Nyumbani hawakuachi uende, huku hawaoni ukienda. Jamaa wangu siku moja alinialika Jumapili wanakunywa kava, kinywaji chao cha mizizi, mmekaa chini kwa mkeka, wamevaa sulu ambayo ni kikoi ukiniuliza mimi, unapiga kofi moja la kiganja kilichokunjwa, unapokea kifuu cha nazi, unasema bula (mbula!), unameza yote mara moja, ni kama maji ya udongo yenye pilipili manga, ulimi unakufa ganzi, unapiga makofi matatu. Kando kuna mhogo na majimbi kutoka shimo la moto. Wakaanza kuhesabu watu wao. Tuqiri ni wetu, wakasema. Marika Koroibete, aliyetoka ligi ya Melbourne Storm akawa Wallaby, ni wetu. Semi Radradra aliyechezea ligi Fiji na Australia pia, halafu akarudi kuwapa dhahabu ya Olimpiki Tokyo ya raga ya watu 7, huyo hata usiulize. Hakuna waliyemtoa kwa hesabu. Nikasema sisi Cherono tulimtoa. Wakaniangalia. Mmoja akauliza, "kwani mama yake alihama?"

Basi nikabadilisha maneno nikawakumbusha Singapore 2016, Kenya 30, Fiji 7, fainali, tukapata kombe letu la kwanza la msururu wa dunia wa raga ya watu 7. Wakanimiminia kifuu kingine kama adhabu.

Kijana wangu ana miaka 9. Jumamosi anacheza ligi, Jumapili yunioni, viatu ni hivyo hivyo, shida ni kwamba yunioni akiangushwa anasimama na kutaka kuurudisha mpira kwa kisigino kama ligi na refa anampigia filimbi. Nilituma video kwa WhatsApp ya familia. Mzee wangu akajibu kwa sauti, dakika moja nzima, nyuma nasikia ile saa ya ukutani, maneno ya mwisho ni "mwambie mtoto achague moja."

Nimemwekea alama ya dole gumba tu. Sijamjibu.