Dadda alishuka Mombasa, na sisi hatuna habari

Wenye tuktuk wa Delhi na wa Mwembe Tayari kwetu Mombasa wamezaliwa tumbo moja. Nasema hivyo baada ya miaka sita hapa, kazi yangu ikiwa kuwatafsiria wagonjwa wetu mbele ya madaktari. Jana, tarehe 29 Agosti, mzee mmoja kanitajia rupia 50 juu ya nauli ninayolipa kila siku. Nikamuuliza kulikoni. Akasema, "Leo ni siku ya Dadda."

Nami mtu wa Mombasa, nikadhani dada yake anaolewa.

Kumbe Dadda ni Dhyan Chand, yule nahodha wa India wa mpira wa magongo, yaani hoki. Mzee ni wa mji wa Jhansi, na kwao Jhansi humwiti mtu yule kwa jina tupu. Dadda ni heshima ya kaka mkubwa. Alizaliwa tarehe hiyo mwaka 1905, na India nzima imeifanya siku ya michezo ya taifa. Tukawa tumekwama kwenye foleni karibu na India Gate, ubavuni mwa uwanja wenye jina lake, mzee akanifungulia darasa. Kijana kaingia jeshini mwaka 1922, mpira anaufanyia mazoezi usiku akishatoka zamu, mbalamwezi ndiyo taa yake. Wenzake wakamwita Chand, mwezi. Olimpiki ya Amsterdam 1928, dhahabu, mabao 14 peke yake. Los Angeles 1932 Wamarekani walilala 24-1, yeye manane na mdogo wake Roop Singh kumi. Halafu Berlin 1936, sasa yeye ndiye nahodha. Kwenye mechi ya majaribio Wajerumani walikuwa wamewafunga 4-1, watu wakaanza kunong'ona. Fainali ikaahirishwa siku moja kwa ajili ya mvua, ikachezwa tarehe 15 Agosti. India 8, Ujerumani 1.

Hayo yote mzee kayatoa kichwani, mkono mmoja kwenye usukani na mwingine unaonyesha jinsi gongo linavyoshikwa. Dereva wetu wa matatu naye ana kichwa hichohicho, ila kimejaa majina ya wachezaji wa akiba wa Uingereza.

Kisha akaniuliza natoka wapi hasa. Nikasema Mombasa. Akageuka mzimamzima, nikaogopa tutagonga ng'ombe. "Beta, mwanangu, Dadda alikuja kwenu!"

Sikumwamini. Usiku nikatafuta, na ni kweli. Disemba 1947, miezi minne tu baada ya India kupata uhuru, timu yao ilitoka Bombay ikashuka Mombasa, Dhyan Chand nahodha, umri miaka 42. Wahindi wa Afrika Mashariki walioialika waliweka sharti: bila yeye, timu isije. Mimi nimezaliwa Makadara ya Mombasa, nimesoma hapo mpaka kidato cha nne, na bandarini nimepita mara ngapi sijui. Hakuna aliyewahi kuniambia.

Najua mnavyosema sasa. "Huyu kala chapati za Delhi miaka sita, leo anajiona kachero wa historia." Semeni tu. Wala msinitajie bajeti, maana mzee wa tuktuk hakupewa ruzuku na mtu ili akumbuke. 

Wengine mtasema hoki ni mambo ya Wahindi, yatuhusu nini? Hapo ndipo mnaponichoma. Avtar Singh Sohal amezaliwa Nairobi, kavaa jezi ya Kenya Olimpiki nne, Roma 1960 mpaka Munich 1972, tatu za mwisho akiwa nahodha. Mwanariadha Kipchoge Keino alikuwepo hizo tatu, kila mtoto anamjua, na anastahili. Mwenzake je? Kombe la Dunia la kwanza la mchezo huo, Barcelona 1971, Kenya ilifika nusu fainali, ikafungwa 1-0 na wenyeji Hispania, halafu India hao hao wakatuzuia shaba kwa 2-1. Wa nne duniani! Nusu fainali ya kriketi ya 2003 tunaisimulia mpaka leo kwenye vijiwe, lakini hii mimi nimeijulia ugenini, nikiwa na miaka thelathini na kitu. Sohal si mgeni aliyeazimwa. Kama jina lake ni zito kwa ulimi wenu, mbona la Schwarzenegger mnalitamka?

(Watanzania msicheke. Moscow 1980 India iliwatandika 18-0, na mzee wangu hiyo nayo anaikumbuka.)

Wala sisemi Wahindi ni malaika. Dadda alifariki tarehe 3 Disemba 1979 hapahapa Delhi, saratani ya ini, kalazwa wodi ya kawaida. Mimi wodi hizo nazijua harufu yake. Tuzo yao kubwa ya michezo wameipa jina lake mwaka 2021, miaka zaidi ya 40 keshakuwa majivu. Bharat Ratna, nishani ya juu kabisa ya nchi, mwanamichezo wa kwanza kuipata ni Tendulkar wa kriketi, 2014. Dadda mpaka leo bado. Nilipomchokoza mzee kwa hilo alinyamaza hadi taa ya tatu, kisha akatukana serikali tatu tofauti kwa mpigo. Hata hasira yake niliionea wivu. Sisi hatuna hata wa kumkasirikia, kwa kuwa hatujui tumemsahau nani.

Tulipofika getini nikampa zile rupia 50 bila kubishana. Akazikunja, akauliza, "Na pale Mombasa aliposhuka, mmemwekea sanamu?"

Nikamwambia ipo, karibu na bandari, imeshika gongo. Mungu anisamehe. Akafurahi sana mzee wa watu. Ameniambia mwanawe yuko Dubai na anatafuta njia ya kufika kwetu, atamtuma akaipige picha.