Pakeezah: jina alilolikimbia Sahibjaan

Kuna lawama moja juu ya filamu ya Kihindi ya Pakeezah ambayo kila nikiirudia filamu hiyo naiona ina uzito. Wanaoitoa wanasema hivi: filamu inayosifiwa kwa kumtetea tawaifu, mwanamke wa kutumbuiza wanaume, kumbe imemtetea binti wa ukoo bora aliyelelewa na matawaifu. Jina lenyewe linawapa hoja. Pakeezah ni neno la Kiajemi lililozoeleka katika Kiurdu, maana yake msafi, aliyetakata. Ukishamtoa mmoja kati ya wenzake ukamwita msafi, hao waliobaki umewaitaje?

Wapenzi wa filamu hii hujibu kwamba ni vigumu kupata filamu nyingine iliyomwimbia mwanamke wa aina hiyo kwa heshima na uchungu kiasi hiki. Mimi ni mmoja wao, na ndiyo maana lawama yenyewe inaniuma.

Kwa ambaye hajaiona, kisa ni hiki. Tawaifu ni mwanamke aliyefunzwa kuimba, kucheza na kughani mashairi, akitumbuiza wanaume wenye mali katika nyumba iitwayo kotha. Nargis, tawaifu, anapendwa na Shahabuddin, kijana wa familia kubwa. Anapelekwa ukweni, baba mkwe anamkataa mlangoni. Anakimbilia makaburini, na huko anajifungua mtoto wa kike kisha anafariki. Mtoto huyo, Sahibjaan, anachukuliwa na Nawabjaan, dada ya marehemu, na anakulia kotha. Siku moja amelala ndani ya treni, abiria asiyemjua anaingia katika behewa lake, anaiona miguu yake, anamwachia ujumbe: nimeiona miguu yako, ni mizuri mno, usiikanyage chini, itachafuka. Abiria huyo ni Salim, na baadaye itajulikana kuwa ni mtoto wa ndugu yake Shahabuddin.

Kamal Amrohi aliiandika na kuiongoza filamu hii akiwa na mkewe Meena Kumari, aliyecheza mama na binti pia. Kazi ilianza miaka ya 1950, ikakwama, wawili hao wakatengana mwaka 1964, na ilipoanza tena Meena Kumari alikuwa akiugua ini. Mpiga picha wa filamu, Mjerumani Josef Wirsching, alifariki mwaka 1967. Mtunzi wa muziki, Ghulam Mohammed, akafuata mwaka 1968, na mtunzi mwenzake Naushad ndiye aliyemalizia muziki uliobaki. Filamu ilizinduliwa Bombay tarehe 4 Februari 1972. Tarehe 31 Machi mwaka huohuo Meena Kumari naye akafariki.

Turudi kwenye lawama. Tazama Sahibjaan anavyookolewa. Hakuna hata mmoja katika ule ukoo anayesema kwamba tawaifu ni mtu kama wengine, aolewe. Kinachofungua mlango ni damu: Nawabjaan anamtambua Shahabuddin na kumpigia kelele mbele ya watu kwamba huyo anayechezeshwa harusini mwao ni binti yake wa kumzaa. Babu anachukua bunduki kumuua msichana, Shahabuddin anajitupa mbele, risasi inampata yeye, na kwa pumzi ya mwisho anausia Salim amwoe. Kwa hiyo heshima imerudi kwa njia ileile iliyotumika kuinyima, yaani jina la baba. Je, binti wa Nawabjaan angefaa? Au yeyote kati ya wale wasichana wa kotha wasiojua baba zao? Hadithi haina la kuwajibu.

Wanaolaumu wana hoja ya pili, ya historia, nayo naikubali. Katika filamu tawaifu ni mtu wa kusubiri tu: asubiri mwanamume, asubiri treni, asubiri kufa. Matawaifu wa kweli wa Lucknow, mji wa kaskazini mwa India, hawakuwa hivyo. Madaftari ya kodi ya mji huo, kuanzia mwaka 1858 hadi 1877, yanawaweka katika daraja la juu kabisa la kipato. Baada ya uasi wa 1857 dhidi ya utawala wao, Waingereza waliwanyang'anya wengi mali zao, majumba na bustani, kwa kuwa walituhumiwa kuwasaidia waasi. Vijana wa watukufu walipelekwa kwao kujifunza adabu na mazungumzo. Gauhar Jaan, aliyetoka katika malezi hayo, alirekodi santuri Calcutta mwaka 1902, miongoni mwa za kwanza kurekodiwa India. Hata thumri tunazozisikia kwa mbali katika Pakeezah, mtindo wa uimbaji unaomtoa mtu machozi kwa mstari mmoja, zililelewa na wanawake hao. Filamu imechukua sanaa yao ikaacha uwezo wao.

Lakini filamu si kisa peke yake, na hapa ndipo ninapoachana na wanaolaumu. Sikiliza wimbo wa kwanza mkubwa wa Sahibjaan, kwa sauti ya Lata Mangeshkar. Analalamika kwamba watu hawa ndio walionivua mtandio wangu. Kisha anataja mashahidi: kama hamniamini, muulizeni muuza nguo aliyeniuzia yadi moja kwa sarafu ya dhahabu, muulizeni mtia rangi aliyeutia waridi, muulizeni askari aliyenipokonya sokoni. Anaimba akitabasamu, na wanaomtunza fedha ni walewale anaowashitaki. Hapo hakuna mwanamke mchafu anayeomba kusafishwa. Kuna mwenye mali iliyoibwa, na wezi wake wamekaa mbele yake kwenye mazulia.

Kuna na maneno anayomwambia shoga yake. Anasema kila tawaifu ni maiti, soko lao ni makaburi ya wanawake waliokufa roho na kubaki miili, na kwamba makaburi yao hayafukiwi, yanaachwa wazi. Msikilizaji wa Kiswahili hapa ana bahati yake. *Rooh*, *qabr*, *janaza*: hana haja ya tafsiri, maneno anayajua kwa kuwa ni roho, kaburi na jeneza za kwetu, zilizotoka chemchemi moja. Nadhani ni sehemu ya sababu filamu za Kihindi zilijaza kumbi za sinema za Unguja, Mombasa na Tanga, na waimbaji wa taarabu wakaziazima tuni zake.

Mahali panapokata zaidi ni pale Sahibjaan anapomwonesha shoga huyo ule ujumbe wa kwenye treni. Mwenzake anaufikiria kidogo, kisha anamwambia ujumbe huu si wako. Wakati huo hukuwa umevaa njuga miguuni. Ungekuwa umezivaa, nani angekuambia usikanyage chini? Ni sentensi chache tu, lakini zinamvua nguo Salim kabla hatujamfahamu vizuri. Aliyependwa ni mwanamke aliyelala, asiye na jina wala kazi. Aliyeandika haya alijua fika anachokisema.

Na jina je? Salim anamchukua hadi kwa shehe ili wafunge ndoa. Shehe anauliza jina la bibi harusi. Salim ndiye anayejibu, na anajibu kwa jina jipya: Pakeezah. Sahibjaan anakataa, anakimbia, anarudi kotha. Kwa kawaida tunaambiwa amekimbia kwa aibu, amejiona hafai, na uso wa Meena Kumari unaruhusu tafsiri hiyo. Mimi naona zaidi ya aibu. Mwanamke huyu tayari ana jina, alipewa na waliomlea, na mapenzi ya Salim yanamtaka kwanza awe mtu mwingine. Filamu imechukua kichwa chake kutoka kwenye neno ambalo mhusika wake mkuu amelisikia mara moja akatimua mbio. Sidhani Amrohi, mtu aliyepima kila neno la Kiurdu, alipitiwa.

Kisha Salim anamwita acheze kwenye harusi yake na mwanamke mwingine. Taa inavunjika, vioo vinatapakaa kwenye shuka jeupe, naye anacheza juu yake. Ile miguu isiyotakiwa kugusa vumbi inaacha nyayo za damu. Anachoimba ni kwamba leo tutaona dua zetu zitajibiwa vipi, na wageni hawawezi kuondoa macho.

Kwa hiyo nawapa wanaolaumu kisa chote: mwisho wake umeinamia ukoo, na hakuna utetezi wa kuunyoosha. Nisichowapa ni picha ya mwisho. Msafara wa harusi umefika kotha, Salim amekuja kumchukua mkewe mbele ya macho ya soko zima, machela inaondoka. Muziki ni wa furaha. Na kamera, badala ya kuwafuata maharusi, inamtafuta msichana mdogo wa nyumba hiyo, amesimama anatazama machela ikienda. Baba yake hatajwi. Yeye amebaki pale.