Mto Unanguruma, Bomba Limenuna

Jamani, kutoka mlangoni kwangu hadi mtoni ni hatua arobaini. Usiku mto unanguruma mpaka naziba masikio kwa mto. Halafu asubuhi mimi huyo, nimepanga foleni bombani na dumu langu, mbele yangu kuna madumu ishirini na mawe matano. Mawe ndiyo watu. Mwenyewe kaenda zake shambani, kaacha jiwe limshikie nafasi. Jana niligombana na jiwe. Likanishinda.

Sikatai, bomba lina sababu zake. Mhudumu wa afya alitukalisha akatueleza habari za kichocho: wale konokono wa kwenye majani ya ukingoni wanatoa vijidudu visivyoonekana kwa macho, vinapenya ngozi nzima isiyo hata na mkwaruzo, na ukija kushtuka unakojoa damu. Tangu siku hiyo, mama watoto akiniona nanawa miguu mtoni ananitazama kama nimemkumbatia mamba. Haya, nimekubali, nanawa nyumbani. Kwa maji yapi sasa?

Maana hayo ya bomba yenyewe yanatoka mto uleule! Pampu iko hapohapo ninapofunga mtumbwi wangu. Inayavuta, inayapandisha tangini kule kilimani, yanachujwa, yanatiwa dawa, kisha yanateremka kunikuta kwenye foleni. Mimi na maji ni majirani wa ukuta kwa ukuta, lakini tukitaka kuonana lazima tukakutane ugenini.

Na pampu inakula umeme. Umeme unatoka bwawani, huko juu. Bwawa limeziba mto gani? Huuhuu. Kiangazi kikikaza, maji yanashuka bwawani, mitambo inapunguza kasi, mgao unaanza. Umeme ukikatika, pampu inalala. Pampu ikilala, bomba linakohoa mara mbili, linatema upepo na tone moja la kutu, kimya.

Nikamuuliza fundi, "Kwa hiyo hatuna maji kwa sababu hakuna maji?"

Akavua kofia, akajikuna. "Mzee, hilo ni suala la kitaalamu."

Sawa, utaalamu mimi sina. Ila kesho naamka saa kumi alfajiri, na jiwe langu nimeshalichagua: kubwa, zito, lina sura ya ugomvi. Nimelitoa mtoni.