Dairekta mimi, mwandishi mimi, kamera mimi

Jamani mkiona jina langu linapita mara tatu mwisho wa muvi msidhani ni sifa, ni kwamba sina hela ya kumlipa mtu mwingine. Nabwana, yule dairekta wa muvi za mapigano kule Wakaliga, Kampala, yuko hivyohivyo tangu 2005, anaandika, anashuti, anaediti mwenyewe, ila yeye wazungu wanapanda ndege kuja kuuawa kwenye muvi zake. Kwangu wanakuja watoto wa mtaa kuuliza kama chapati zimebaki.

Na zitabaki vipi? Muigizaji wetu wa Kampala mshahara hadai, lakini rolex, ile chapati ya kuviringishia mayai, ya saa nne ikichelewa, jambazi mkuu anapanda boda katikati ya sini na bunduki yangu ya mbao kaondoka nayo. Ndiyo maana nusu ya pili jambazi mnamuona mgongo tu. Ule ni mgongo wa shemeji.

Sasa damu. Wakaliga walianza na damu ya ng'ombe, muigizaji akaugua, wakahamia rangi ya chakula. Unaijaza kwenye kondomu, unaifunga kifuani chini ya shati, unavuta uzi wa kuvulia samaki, paa! mtu kapigwa risasi. Safi kabisa, ila kondomu ananunua nani? Dairekta! Niko duka la dawa naomba boksi zima, kugeuka nyuma mama mmoja wa kwaya huyo, ananitazama. Nikamwambia, "Ni za kazi, mama."

"Haya mwanangu," akasema, "pole na kazi."

Kabla sijafika nyumbani mke wangu kashapata habari, mpaka rangi ya boksi anaijua.

Umeme kukatika wakati unaediti hilo wala siliongelei, nani hajui.

Kinachoniua ni VJ, yule msimuliaji wa muvi kwenye vibanda vya video. Muvi nimeshuti kwa Kiswahili nikiwaza itauzika mpaka Kenya, kwa hiyo kwenye kibanda VJ anashika maiki anaitafsiri kwa Kiganda, tena anatafsiri anavyotaka yeye. Sini ya msiba, niliiandika usiku huku nalia mwenyewe, yeye anawaambia watu marehemu kakimbia deni la pombe ya waragi. Kibanda kizima hoi! Wanatoka nje wanapongezana, eti VJ leo katoa muvi kali, nami nimesimama palepale mlangoni, na kijana wa tiketi kanishika mkono, wewe mzee mbona uliingia bila kulipa.